Msichana wa Ukutani

Mulot, 12 Februari 1995

Mama Winny,

Nimefika, na vumbi la Mulot lilinipokea kabla ya mtu yeyote. Asubuhi jua likipanda, vumbi linasimama juu ya barabara ya Narok kama maziwa yaliyomwagwa hewani. Ng'ombe wakipita ndani yake unaona miguu peke yake ikitembea, bila ng'ombe. Nilisimama kuangalia mpaka mwenye bucha akaniuliza kama nimekuja kazi au nimekuja kuchunga.

Bucha yake ndiyo nimeanza nayo. Nimemchorea ukutani ng'ombe mwekundu amesimama kando, anaangalia wateja. Mwenyewe akasema, "Huyu amekonda. Mtu akimwona ataenda kununua sukuma wiki." Nikamwongeza nyama mgongoni. Akarudi nyuma, akaangalia tena, akasema, "Sasa ni sawa. Anaonekana hajui ni nini kinamngoja."

Jirani yake kuna hoteli, wanataka kikombe cha chai kinachotoa mvuke. Kikombe ni kazi rahisi. Mvuke ndio shida. Halafu kuna saloni mpya ya mama mmoja anaitwa Lynn. Huyo nitamwandikia jina na kumwekea kichwa cha mwanamke, basi.

Nimepanga chumba nyuma ya duka la Muriuki anayeuza mbegu. Aliposikia mke wangu ni Mkikuyu mwenzake, anaitwa Wanjuhi, alianza kuniita mkwe, na kila jioni ananipakulia githeri bila kuniuliza kama nimeshiba.

Ng'ombe wetu amezaa? Mguu wa mama uko namna gani? Mwambie Winny nikirudi nataka kuona daftari la hesabu, si la kuchora.

Mume wako,
Kipngeno


Merigi, 3 Machi 1995

Baba Winny,

Ng'ombe alizaa salama, ndama jike. Winny amemwita Jumapili kwa sababu alikuja tukiwa kanisani. Mama yako anatembea tena mpaka kwenye ua, anachapa kuku kwa fimbo na kusema hawana adabu, kwa hivyo ujue amepona. Majani chai yamedumaa kwa sababu ya jua. Asubuhi ukungu ukishuka shambani, naona kama yanakunywa huo ukungu.

Sasa kuna neno lingine. Gesare alipita hapa na ndizi zake za Kisii. Unamjua, hakuna soko ambalo hajafika. Nikampa chai, akaanza kukusifu. Akasema ukuta ukiguswa na wewe unaanza kuongea. Nikafurahi. Halafu akaweka kikombe chini, akaniuliza, "Lakini Mama Winny, yule mwanamke ni nani?"

Nikasema mwanamke gani.

Akasema amemwona kwa saloni ya Ndanai. Amemwona tena Sotik. Anasema ni huyo huyo. Shingo ndefu, paji pana, macho yanaangalia kando kama mtu ameitwa jina lake na hajui ni nani amemwita. Anasema mafundi wengine huchora kichwa chochote, bora nywele zionekane, lakini wewe unachora mtu. "Huyo ni mtu," akasema, "na fundi anamjua."

Mimi nilicheka. Gesare hakucheka.

Niambie tu ni nani, tucheke wote.

Mke wako,
Wanjuhi


Mulot, 14 Machi 1995

Mama Winny,

Gesare auze ndizi.

Ni sura tu. Mkono ukizoea sura moja unairudia, kama vile wewe ukisuka kikapu unarudia mshono mmoja. Hakuna mtu hapo.

Kikombe cha hoteli kimekubali kutoa mvuke. Nilichanganya nyeupe na tone la buluu, halafu nikapangusa kwa kitambaa kikavu kabla rangi haijashika. Wazee wa hapa wanasema ukikaa mbele yake wakati wa baridi unapata joto. Mmoja alileta kiti chake kabisa, akaketi kuangalia ukuta na mikono yake imekunjwa.

Nimemtumia Winny viatu kwa basi la Bomet. Kama vitambana, aweke magazeti yenye maji ndani usiku mzima.

Mume wako,
Kipngeno


Merigi, 22 Machi 1995

Kwa Kipngeno,

Viatu vimefika, vinamtosha.

Nimesoma barua yako mara nyingi nikitafuta jibu, nikapata mvuke. Uliandika zaidi juu ya kikombe kuliko juu ya kitu nilichokuuliza.

Sasa kisimani wanawake wakiniona wananyamaza. Mke wa shemeji amenishauri nijipake mafuta na nianze kufunga vitambaa vya kupendeza. Mama yako hasemi kitu, lakini ameanza kunikatia kipande kikubwa cha ugali, na hiyo kwake ni huruma.

Nikukumbushe kitu. Wewe na mimi tulioana kwa Kiswahili. Hukujua Gikuyu, na mimi sikujua Kipsigis hata salamu. Nyumbani kwetu walisema nitaishi na mtu bila kumwelewa. Nikawaambia, tuna lugha moja inatutosha sisi wawili, na yule mtu hajui kunidanganya ndani yake. Ndivyo nilivyowaambia.

Usinijibu. Siku ya soko naenda Ndanai na Gesare kumwona huyo mwanamke.

Wanjuhi


Merigi, 30 Machi 1995

Baba Chelangat,

Sijakuita hivyo tangu alipozikwa. Kalamu ilikataa kwanza. Nimeandika jina lake kwa mkaa nyuma ya mlango wa jikoni, nikalifuta, ndipo nikaweza kuliandika hapa.

Nilifika Ndanai nikiwa na maneno tayari. Nilikuwa nimeyapanga njiani kama mtu anayekwenda mbele ya chifu. Gesare alikuwa mbele yangu, akanyoosha mkono: "Ndiye huyo." Nikainua macho.

Kwanza niliona paji la mama yako. Nikashangaa, nikafikiri umechora mama yako akiwa msichana. Halafu nikaona sikio. Lile sikio lililojikunja juu kidogo, kama jani la chai linaloanza kufunguka. Mimi ndiye niliyelinyoosha kwa kidole kila siku nikimnyonyesha, nikiambiwa litanyooka, na halikunyooka.

Gesare akaniuliza kama nimemjua. Nikasema ndiyo. Akasema, "Ni wa nani?" Nikasema, "Ni wangu." Maskini, alifikiri nimeshikwa na wazimu.

Nilikataa kuondoka. Mwenye saloni akatoka akauliza kama nataka kusukwa, nikasema ndiyo, ili nipewe kiti. Nikamwambia aweke kiti nje, nakaa nikiangalia ukuta. Nilisukwa mistari, machozi yananishuka, na msichana wa watu anauliza, "Mama, nimevuta sana?" Nikamwambia, "Vuta tu."

Tukaenda mpaka Sotik. Gesare akasema, "Yule wa Ndanai ni mdogo wa huyu?" Ndipo nikaelewa. Wa Ndanai ana miaka kumi na mitatu au kumi na minne, rangi imepauka kwa jua. Wa Sotik amekuwa mkubwa, ameshika sikio akijaribu hereni, na mabega yamejaa. Kipngeno, umekuwa ukimlea. Miaka hii yote nikifikiri umemsahau, kwa vile ukiwa nyumbani hata njia ya pale kaburini hupiti, wewe umekuwa ukimlea barabarani.

Sina hasira. Nilikuwa nayo, imeanguka mahali kati ya Ndanai na Sotik.

Lakini kuna kitu umekosea. Kote umemfunga mdomo. Najua ni kwa nini. Ulipoondoka kwenda Narok mwaka ule, alikuwa ameng'oka meno ya mbele. Hukuona yaliyoota baadaye. Mimi niliyaona. Yaliota makubwa, na katikati kulikuwa na mwanya kama wangu. Alikuwa anaupitishia ulimi na kupiga mluzi, na mama yako akimwambia msichana hapigi mluzi, anawaita nyoka.

Mfungue mdomo.

Mama Chelangat


Mulot, 9 Aprili 1995

Mama Chelangat,

Nilisoma barua yako nikiwa juu ya ngazi. Nikashuka. Nimekaa siku hizi bila kugusa brashi.

Sikupanga kukuficha. Unakumbuka vile ilikuwa. Mto Amala ulifunika daraja, nikakaa upande wa Narok na wengine, tunaangalia maji. Kulikuwa na mtu ng'ambo ametumwa kunipigia kelele, na maji yanakula maneno yake. Nilisikia "mtoto" na "malaria" peke yake. Nilipofika nyumbani udongo ulikuwa umekauka. Mama akasema jina lake lisitajwe tena pale bomani, ili Winny aliyekuwa mgongoni mwako abaki na sisi. Watu wote wakaanza kuniita Baba Winny, kama nguo mtu amevishwa akiwa amelala. Nikakubali. Wewe pia ulikubali. Sikujua kama ulikuwa unaumwa au umepona, na niliogopa kuuliza, nisikufungue kidonda.

Halafu miaka ikapita, nikapata kazi Litein, saloni ya kwanza maishani mwangu. Mwenyewe alitaka uso. Nikaanza kuchora uso wowote, na mkono ukamchora yeye, vile alivyokuwa. Mwenye saloni akasema, "Fundi, ni nani anasuka mtoto mdogo hivi?" Nikamwongeza umri kidogo ili nisimfute. Ndipo nikafikiri, kumbe anaweza kukua. Saloni iliyofuata nikamkuza tena. Nyumbani jina lake lilikuwa limefungwa. Barabarani hakuna aliyelifunga.

Leo nimepanda ngazi kwa saloni ya Lynn. Nimemfungua mdomo. Anacheka, na mwanya uko katikati. Nilipoweka ule mstari mweusi mdogo kati ya meno, nilishuka nikakaa chini, na Lynn akaniletea maji. Sikujua kama ana sauti mpaka nilipofungua huo mdomo.

Sasa sikiliza mambo. Kabla rangi haijakauka, kijana mmoja akasimama nyuma yangu. Anaitwa Weldon, ananunua mbuzi hapa na kuwapeleka Bomet. Ana kofia nzuri. Akaangalia, akaangalia, akasema, "Mzee, huyu msichana anakaa wapi?"

Nikasema, "Kwa nini?"

"Nataka kuwajua watu wa kwao."

"Unataka kuwajua wa nini?"

"Mzee, si unajua kijana akienda kwa watu wa msichana anatafuta nini. Ni Mkipsigis ama ni Mkikuyu? Siwezi kumsoma."

Nikamwambia, "Ni wa kwetu."

"Ni mtoto wako?"

Nikasema ndiyo. Halafu damu ikanipanda, nikamwambia, "Yuko shule! Na wewe nenda ukachunge mbuzi zako!" Nilimfukuza mpaka kwenye pampu ya maji, brashi mkononi, ngazi imebaki peke yake. Watu walicheka. Nilirudi nikicheka pia, halafu nikaingia nyuma ya saloni nikakaa.

Kipngeno


Merigi, 20 Aprili 1995

Baba Chelangat,

Nimecheka mpaka mama yako akaja kuuliza ni nini. Nikamwambia umefukuza mtu. Akasema, "Mwizi?" Nikasema, "Karibu hivyo."

Huyo Weldon ni mtoto wa nani? Anakunywa pombe? Mbuzi ni kazi, lakini ana shamba? Wewe unafukuza mtu bila kuuliza hata jina la baba yake. Na akija aje na wazee, asije peke yake kama mtu anayeuliza njia.

Mvua imenyesha. Jana nilikuwa nachuma chai, laini ya chini karibu na mto, ukungu umefunika kila kitu mpaka kiunoni. Nikamwona Chelangat kwa ile laini nyingine. Simaanishi nilimwona kwa macho. Nilijua tu yuko. Ni mrefu kuliko mimi. Anachuma haraka, na kikapu chake kinajaa kabla ya changu, na anapiga mluzi ule kupitia mwanya. Nikaendelea kuchuma bila kugeuka, kwa sababu nilijua nikigeuka nitakuta miti ya chai. Tulifika mwisho wa laini pamoja. Nilirudi nyumbani na kikapu kizito kuliko siku zote, na sikuchoka.

Niambie, unafikiri angekuwa mkaidi? Mimi naona angekuwa mkaidi. Angetaka kuvaa suruali na kwenda Kericho kusoma upishi au uuguzi. Winny ni mpole. Yule hangekuwa mpole.

Lakini Baba Chelangat, nimelala na neno moja na limeamka na mimi. Yule kijana. Sisi tunajua tunacheza na nini. Yeye hajui. Ukimwambia yuko shule, atangoja afunge shule. Atakataa wasichana wengine akingoja huyu. Usimfunge mtoto wa watu kwa ukuta. Mwambie ukweli.

Mama Chelangat


Mulot, 6 Mei 1995

Mama Chelangat,

Nimemwambia. Ilikuwa kama ulivyosema. Alikuwa ameshamweleza mama yake, na hata alikuwa amejinunulia koti.

Nilimkuta kwa soko la mifugo, nikamwita kando. Nikasema, "Kijana, yule msichana hayuko shule."

Akafurahi. "Amemaliza?"

"Alikufa akiwa mdogo. Nimemchora vile angekuwa."

Mbuzi walikuwa wanalia kila upande, na yeye ameshika kamba ya mmoja. Halafu akavua kofia. Akaniuliza, "Jina lake ni nani?" Nikamwambia. Hakuwa ameuliza jina kabla ya hapo, fikiria. Alitaka kuoa bila jina. Akalirudia polepole, Chelangat, akasema, "Pole, baba." Hakuniita mzee. Jioni akaniletea maziwa ya mursik kwa kibuyu, tukanywa mbele ya ukuta.

Juu ya ukaidi wake nakubaliana nawe. Lakini ningempa hiyo suruali.

Sasa nina habari mbaya. Kampuni moja ya sabuni imekuja kutoka Nairobi. Wanataka maduka yote ya barabara hii, kutoka hapa mpaka Narok, yapakwe manjano na jina la sabuni yao. Mwenye duka akikubali anatengenezewa paa na mlango. Paa la Lynn linavuja juu ya vichwa vya wateja. Alikuja kwangu akilia, akasema, "Fundi, ukisema nikatae, nitakataa." Ningemwambia nini? Ana watoto. Nikamwambia akubali.

Wametafuta fundi, na wameambiwa mimi ndiye fundi. Nimewaomba siku chache. Sijui nifanye nini. Siwezi kumfunika kwa mkono wangu. Nikikataa, watamleta mtu wa Nakuru ambaye hata hatamwangalia usoni. Atapitisha brashi kama anapaka choo.

Niambie.

Kipngeno


Merigi, 12 Mei 1995

Baba Chelangat,

Usimwachie mtu wa Nakuru. Usianze peke yako. Mara ya kwanza nilimfunika mimi na majirani, wewe ukiwa ng'ambo ya maji. Mara hii tutakuwa wawili.

Nakuja Jumanne na basi la asubuhi. Nimemwambia mama yako naenda kukusaidia kazi. Akaniangalia sana.

Wanjuhi


Merigi, 21 Mei 1995

Baba Chelangat,

Nilifika salama. Rangi ya manjano bado iko chini ya kucha zangu, na Winny anauliza kama tulikuwa tunapaka jua.

Mama yako alikuwa ananingoja mlangoni. Hakuniuliza habari ya safari. Akasema, "Kaa hapa uniambie ulienda kufanya nini." Nikaona siwezi kumdanganya mtu mzee aliyeningojea kwa baridi. Nikamwambia yote.

Nikamwambia vile nilimkuta ukutani akicheka, na jua la asubuhi limempiga upande mmoja, na mimi nikasahau nimekuja kufanya nini, nikamwambia, "Umekua!" kwa sauti, mbele ya watu. Nikamwambia ulinipa brashi ndogo na ukashika kubwa. Kwamba tulianza na gauni, kutoka chini, kwa sababu wewe ulisema usoni tufike mwisho. Kwamba Weldon alishika ngazi na hakuinua macho hata mara moja, na Lynn alifunga saloni yake siku nzima, na wanawake waliokuja kusukwa walipoelezwa walibaki wamesimama barabarani, na mmoja akaanza wimbo wa kanisani nisioujua, nikauimba hivyo hivyo.

Nikamwambia ulifika kwenye mdomo ukashindwa. Ukanipa brashi. Nikapanda. Nilimpaka sikio kwanza, nikalinyoosha kwa kidole, kwa mazoea. Halafu mdomo. Macho nilikuachia wewe, na wewe ukayafunga polepole, kope moja halafu ya pili, kama mtu anayelaza mtoto. Hapo ulilia. Baba yangu mzazi sijawahi kumwona akilia, kwa hivyo sikujua mwanamume akilia anashikwa wapi. Nikashika ngazi.

Mama yako alisikiliza mpaka mwisho. Moto ulikuwa umezimika na hakuuchochea. Akauliza, "Alikuwa mrefu?"

Nikasema, "Mrefu kuliko mimi."

Akasema, "Chelangat alikuwa awe mrefu tu. Miguu yake ilikuwa mirefu tangu siku ya kwanza." Ametaja jina, Kipngeno. Amelitaja yeye mwenyewe aliyelifunga. Halafu akamwita Winny kutoka jikoni, akamwambia, "Kuja nikuambie juu ya dada yako." Wamekaa mpaka sasa. Mimi nimetoka nje kukuandikia, na nasikia mama yako akipiga mluzi, vibaya sana, akimwonyesha mtoto vile ilikuwa.

Wanjuhi


Mulot, 18 Juni 1995

Wanjuhi,

Nimemaliza manjano. Kutoka daraja la Amala kwenda upande wa Narok, maduka yote ni manjano, na jina la sabuni kila mahali. Mchana jua likiwaka huwezi kuyaangalia. Lakini jioni yanakuwa laini, rangi ya ngano mbichi inayoanza kugeuka, na wakati mwingine napita mbele ya Lynn bila kuumia. Sijui tulifanya nini siku ile, lakini sasa usiku nalala.

Weldon amepeleka mbuzi Merigi wiki jana na akauliza njia ya kwetu. Kama alifika, mpe chai. Sio kuchumbia. Alisema anataka kumwona mama yake Chelangat, basi.

Kampuni imenipa kazi nyingine ndani ya mji wa Narok, nikakataa. Muriuki anasema mkwe wake amerukwa na akili. Nitakuambia sababu.

Kuna mama mmoja wa Bomet anafungua saloni. Alisikia habari zangu, akaja mpaka huku. Akasema hataki msichana. Ana wateja watu wazima, wanawake wa kanisa, wake wa walimu, wanaotaka kuona mtu wa rika lao. Akasema, "Chora mwanamke aliyeishi." Nikamwambia huyo namjua, hata ni rahisi. Nikachukua kadibodi kufanya mazoezi, nikaanza kukuchora wewe.

Wanjuhi, nilishindwa. Shingo ilikuja. Mwanya ulikuja. Halafu nikafika pembeni mwa macho, mahali mikunjo inaanzia, sikujua iko mingapi, wala inaelekea wapi. Sikujua kama mvi zako ziko mbele au kando. Ulikuwa hapa juzi, na mimi nilikuwa naangalia ukuta. Miaka yote nimeangalia ukuta. Yule nilimchora kwa kukisia kwa sababu sikuwa na njia nyingine. Wewe uko hai, uko Merigi, na mimi nakukisia.

Nimechoma ile kadibodi. Nimeuza ngazi. Ngazi nyingine nitaitengeneza nikifika.

Nakuja nyumbani. Sio kwa likizo.

Kipngeno


Merigi, 25 Juni 1995

Baba wa Chelangat na Winny,

Weldon alifika. Mama yako amempenda, amemlisha mpaka akashindwa kusimama. Winny alimfichia kofia yake, kwa hivyo yule niliyekuambia ni mpole, futa.

Kuja. Lakini usitegemee nitakaa kwa kiti nikuangalie unichore kama wale wa picha za studio. Majani chai ni mengi, hayangoji mtu. Chukua kikapu, uingie laini yangu, unitazame nikifanya kazi mpaka utosheke. Mvi ziko mbele na kando pia. Usinipunguzie hata moja.

Wanjuhi